Flashi ya Ramires kutoka Mwanga, Kigoma: dai mechi nzima, vipande achana navyo

Ukifika kwenye vibanda vya kujaza flashi pale Mwanga ukasema unataka mpira wa zamani, kijana hakuulizi timu, anakuuliza jina. Ronaldinho yupo, Kaká yupo, Okocha yupo, Drogba ana folda mbili. Tunayoipima hapa ni folda moja tu, ya Ramires, kiungo Mbrazili aliyechezea Chelsea, kutoka kibanda kimoja cha upande wa sokoni. Mashabiki wa Chelsea wanaiulizia sana, na makosa yake karibu yote yanarekebishika palepale mezani ukijua cha kudai.

Bei kwanza. Mwenye flashi yake analipa Sh 4,000. Asiye nayo anauziwa ya GB 32 kwa Sh 15,000 na kujaziwa ndani ya bei hiyo. Folda ina GB 21: mechi ndefu saba, nusu moja ya mechi na vipande 27 vya dakika moja mpaka sita. Flashi za bei hii huandika kwa kasi ya MB 8 hivi kwa sekunde, kwa hiyo kunakili kunachukua kama dakika 45. Usikae kwenye benchi kumhesabia, nenda ukanunue dagaa urudi. Ila mwambie asiichomoe kabla kompyuta haijamruhusu. Wateja wakijaa huwa anaichomoa upau wa kunakili ukifika mwisho tu, na faili la mwisho ndilo linaloumia: linacheza vizuri mpaka dakika ya 80, halafu picha inaganda.

Sasa mwenye folda. Ramires Santos do Nascimento alizaliwa Machi 24, 1987, Barra do Piraí, jimbo la Rio de Janeiro. Alianzia Joinville, akaenda Cruzeiro mwaka 2007, Benfica 2009, Chelsea Agosti 2010 kwa yuro milioni 22, Jiangsu Suning ya China Januari 2016, kisha Palmeiras 2019, na mwaka 2022 akatangaza kutundika daluga. Alipokuwa Cruzeiro, wenye jezi za bluu, Wabrazili walimbatiza Queniano Azul, Mkenya wa Bluu, kwa mbio zisizokatika. Jina hilo halihitaji maelezo huku kwetu. Vijana wa vibanda umiza, vile vya kuonyeshea mpira, wangesema ana mapafu ya mbwa na mazungumzo yangeishia hapo.

Na ubovu wa folda unaanzia hapo hapo. Ramires alikuwa mtu wa kukimbia bila mpira: kufunga njia, kurudi kumsaidia beki wa kulia, kutoka boksi hadi boksi wakati wenzake wameshika viuno. Kipande cha sekunde 12 kinaanza mpira ukiwa tayari mguuni kwake. Mita 60 alizokimbia kabla ya hapo zimekatwa. Ukitazama vile 27 peke yake utadhani alikuwa winga wa kawaida aliyebahatika kufunga mabao mawili matatu makubwa. Kwa hiyo thamani ya Sh 4,000 zako iko kwenye zile mechi saba ndefu, na hata hizo si zote.

Bora kuliko zote ni Barcelona na Chelsea, Aprili 24, 2012, marudiano ya nusu fainali ya Ligi ya Mabingwa. Faili lina GB 2.3, picha ya 720p, sauti ya mtangazaji imebaki. Watu wengi wanalirusha mpaka kwenye bao. Usifanye hivyo. Busquets anaifungia Barcelona dakika ya 35, Terry wa Chelsea anapewa nyekundu dakika ya 37, Iniesta anaongeza la pili dakika ya 43. Cahill alikwisha toka mapema kwa maumivu na Bosingwa akaingia, kwa hiyo Chelsea wamebaki kumi na mabeki wao wa kati wote wawili hawapo. Ndipo katika dakika za nyongeza za kipindi cha kwanza Lampard anapenyeza pasi, Ramires anaingia nayo upande wa kulia na kuudokoa mpira juu ya kipa Valdés. Bila papara. Mtu ambaye timu yake inakandamizwa hivyo kwa kawaida angepiga kwa nguvu zake zote.

Rudia kipindi cha pili, na mtazame yeye tu, usiufuate mpira. Anacheza beki wa kulia, kazi ambayo si yake, dakika 45 nzima. Messi anagonga mwamba kwa penalti mapema, Torres anasawazisha mwishoni, 2–2, Chelsea wanapita kwa jumla ya 3–2. Hicho kipindi cha pili ndicho kinachomweleza Ramires kuliko bao lenyewe, na hakimo kwenye kipande hata kimoja kati ya vile 27.

Mechi ya kwanza ya nusu fainali hiyo, Aprili 18 pale Stamford Bridge, nayo imo. Hapa faida yako ni moja ila ni kubwa: bao la Drogba kabla ya mapumziko. Lampard anamnyang'anya Messi mpira katikati ya uwanja na kuutupa kushoto, Ramires anaukimbilia, anaufikisha ndani ya boksi, Drogba anamaliza. Kocha wa vijana anayetaka kuonyesha shambulizi la kushtukiza kwa pasi chache hana haja ya ubao. Anasimamisha picha pale mpira unapotoka kwa Lampard na kuwauliza vijana Ramires yuko wapi. Kisha anaachia.

Faili la tatu ni kichekesho: fainali ya Munich, Mei 19, 2012, Bayern na Chelsea, GB 2.6. Ramires hakucheza mechi hiyo! Alipata kadi ya njano kule Barcelona, akafungiwa fainali pamoja na Terry, Ivanović na Raul Meireles. Ni mechi tamu kwa mnazi wa Chelsea, hilo halina ubishi, lakini kwenye folda ya Ramires ni GB 2.6 za bure. Mwambie kijana aitoe na nafasi hiyo akuwekee kitu kingine. Hakatai, mara nyingi hata hajui kwamba mwenyewe hayumo.

Fainali ya Kombe la FA, Mei 5, 2012, ipo na ni nzuri. Bao la dakika ya 11, pasi ya Mata, Ramires anampita beki Enrique na kumfunga kipa Reina, Chelsea wanaishinda Liverpool 2–1. Picha ina kasoro ndogo: mistari kama meno ya kitana pembeni mwa wachezaji wanaokimbia. Hiyo ni rekodi ya matangazo ya TV iliyogeuzwa bila kuchambuliwa vizuri. Kwenye TV ya inchi 32 huioni sana, kwenye ya 50 itakuudhi.

Za Brazil ziko mbili kamili na nusu moja. Fainali ya Kombe la Mabara ya 2009, Afrika Kusini, Brazil wanatoka nyuma 0–2 na kuifunga Marekani 3–2. Kisha Brazil na Chile, Juni 28, 2010, Ellis Park, Kombe la Dunia, 3–0. Hii ya Chile usiiache. Bao la tatu, la Robinho dakika ya 59, linaanza kwa Ramires kuondoka na mpira kutoka kati ya uwanja, anawapita watu kwa mbio tu, halafu anatoa. Na katika mechi hiyo hiyo anapata kadi ya njano ya pili ya mashindano, anakosa robo fainali, na Brazil wanatolewa na Uholanzi 2–1. Ukiweka hiyo kando ya Munich unauona ugonjwa wake: mara mbili ndani ya miaka miwili kadi ilimtoa kwenye mechi kubwa kabisa iliyokuwa mbele yake. Mkabaji anayefika kila mahali hufika pia mahali ambapo amechelewa nusu hatua.

Ile nusu ndiyo kito cha folda kwa mtu wa huku. Ni kipindi cha pili cha Taifa Stars na Brazil, Juni 7, 2010, Uwanja wa Taifa, Dar es Salaam, siku chache kabla Brazil hawajacheza mechi yao ya kwanza ya Kombe la Dunia. Ilikwisha 5–1. Mabao mawili ya Robinho ni ya kipindi cha kwanza, kwa hiyo hayamo. Humu yamo mawili ya Ramires, moja la Kaká, na lile la Jabir Aziz la dakika ya 86 ambalo lilishangiliwa kama kombe. Picha yenyewe ni duni, imerekodiwa kwenye TV ya zamani, sura zimetanuka kwa sababu picha ya mraba imevutwa ijae kioo kipana. Hilo unalirekebisha mwenyewe kwa rimoti: tafuta kitufe cha ukubwa wa picha, chagua 4:3. Kuhusu thamani yake, fikiria hili: Ramires aliichezea Brazil mechi 52 na kufunga mabao manne. Nusu yake yalifungwa Dar es Salaam, jioni moja.

Mechi ya saba ni fainali ya Europa, Mei 15, 2013, Amsterdam. Chelsea 2, Benfica 1, Ramires akicheza upande wa kulia dhidi ya timu aliyoipa ubingwa wa Ureno msimu wa 2009–10. Faili ni safi. Mechi yenyewe ni nzito mpaka Ivanović anapofunga kwa kichwa dakika za nyongeza.

Vipande sasa. Kati ya 27, vya maana havizidi tisa. Kile cha bao dhidi ya Manchester City, Machi 20, 2011, kinafaa kuwekwa hata kwenye simu: anapenya katikati ya mabeki mwishoni mwa mechi, 2–0. Vingine vina magonjwa ya aina tatu.

Wa kwanza ni kugeuzwa kioo. Wanaopakia vipande mtandaoni huigeuza picha kushoto kulia ili mitambo ya kutambua haki za matangazo isiwashike. Dalili yake ni rahisi, soma kifuani: SAMSUNG inasomeka kinyumenyume na ile 7 ya mgongoni imeangalia upande usio wake. Ramires ni mtu wa mguu wa kulia, lakini kwenye vipande vitano vya folda hii anaonekana wa kushoto. Kwa kocha hili si la kupuuza, maana mtoto anaiga mwili unavyofunguka kwenda upande usio sahihi. Wa pili ni kuvimbishwa: picha ndogo ya miaka ya 2008 imekuzwa mpaka 1080p, faili limenenepa na hakuna kilichoongezeka. Simamisha picha utazame nyasi. Kama uwanja ni zulia moja la kijani lisilo na unyasi hata mmoja, umebeba mzigo wa bure. Wa tatu unachekesha: vipande viwili ni vya Gastón Ramírez, Mruguay wa Southampton, mwenye jezi ya mistari myekundu na myeupe. Mtu aliyetafuta kwa jina hakutazama sura.

Juu ya vyote hivyo umewekwa muziki wa singeli. Singeli haina kosa, ila sauti ya uwanja ndiyo inayokuambia pasi ilikuwa ngumu kiasi gani.

Kisichokuwemo kinasema mengi kuhusu aliyeikusanya. Hakuna Aston Villa, Machi 15, 2014, ambako alionyeshwa nyekundu kwa kumkanyaga El Ahmadi na Chelsea wakalala 1–0. Hakuna Sunderland ya mwezi uliofuata, iliyomfungia mechi nne kwa kumpiga Larsson. Hakuna Brazil na Ujerumani ya 2014, 1–7, ambamo aliingizwa mwanzo wa kipindi cha pili mabao yakiwa tayari matano. Cruzeiro ni vipande vitatu tu, Benfica viwili, China na Palmeiras hakuna kitu. Medali ya shaba ya Olimpiki ya Beijing 2008 haimo kabisa. Folda ya mchezaji yenye mabao peke yake ni sawa na kuuziwa mgebuka bila mifupa: rahisi kula, lakini hujui samaki alikuwa na umbo gani. Cha kudai badala ya ile fainali ya Munich ni mechi ya Villa au ile ya Ujerumani, kutegemea una moyo wa namna gani. Zote mbili kijana anazo kwenye kompyuta, zimekaa folda nyingine.

Kabla hajaanza kunakili, mwambie unatazamia nini. Kwa kawaida wateja hawasemi, na asilimia kubwa ya ugomvi pale kibandani unatokana na hilo. TV ndogo za sola, zile wanazobeba watu wa maboti ya Kibirizi, nyingi zinataka MP4 yenye picha iliyobanwa kwa H.264 na sauti kwa AAC, isiyozidi 720p. Ukiwekewa H.265, ambayo vibanda vinaipenda kwa kuwa faili linakuwa dogo, utasikia mtangazaji na kioo kitabaki cheusi. Ukiwekewa sauti ya AC3, kinyume chake: picha ipo, uwanja ni kimya kama makaburini. Simu haina matatizo hayo kwa kuwa programu ya VLC inacheza karibu kila kitu, kwa hiyo kujaribu faili kwenye simu ya kijana hakuthibitishi chochote kuhusu TV yako. Muombe alijaribu kwenye ile TV ya ukutani, kwa rimoti, na urushe mbele mpaka dakika ya 85.

Halafu kuna suala la umbizo la flashi yenyewe, yaani namna ilivyopangwa kupokea mafaili. Flashi iliyofomatiwa FAT32 haipokei faili moja linalofika GB 4. Mechi ya 1080p yenye ubora wa kweli, ya kasi ya megabiti 8 kwa sekunde, inafika karibu GB 6 kwa dakika 95 hivi. Kompyuta itamwambia kijana faili ni kubwa mno kwa flashi hiyo wakati ina nafasi tele, naye atakuambia ununue kubwa zaidi. Usinunue. Ziko njia mbili. Ya kwanza, aifomati exFAT kama TV yako ni mpya inayoisoma. Ving'amuzi na redio za zamani haziisomi. Ya pili ni kuikata mechi vipindi viwili, kila kimoja kikae chini ya GB 3, ibaki FAT32 na icheze kila mahali. Kwa Kigoma hii ya pili ni bora, kwa sababu flashi ya mtu mmoja huzunguka nyumba sita kabla haijarudi. Na kufomati kunafuta kila kitu kilichomo, hata picha za harusi ya shangazi, kwa hiyo zihamishe kwanza.

Kuhusu flashi wanazouza: ya GB 32 ikionyesha 29 na kitu kwenye kompyuta, hiyo ni halali, ni tofauti ya namna ya kuhesabu tu. Ya kuogopa ni zile zinazotangaza GB 512 kwa bei ya chakula cha mchana. Ndani zina GB 8 au 16, zimedanganywa zijitangaze kubwa. Zinapokea mafaili yote, majina yanaonekana, lakini yaliyozidi nafasi halisi hayafunguki. Programu ya H2testw inazigundua kwa kuzijaza na kuzisoma tena, ila inachukua muda na kijana hatakubali siku ya gulio. Zile GB 32 za Sh 15,000 za kibanda hiki ni za kweli.

Haki za matangazo, bila shaka, si za kibanda, ndiyo maana hakuna risiti. Mwenye bando la kutosha anaweza kutafuta mechi za zamani ambazo FIFA na klabu zenyewe huziweka bure mtandaoni, na picha yake ni bora kuliko yoyote ya hapa. Ile ya Dar es Salaam, hata hivyo, usitegemee kuikuta huko.

Tathmini: mechi ndefu alama saba kati ya kumi, vipande alama tatu kati ya kumi, huduma alama saba na nusu. Kijana ana adabu, anamwamkia kila mzee anayekaribia meza hata awe anapita tu, na faili likigoma anakubadilishia bila maneno ukirudi ndani ya siku mbili. Ukirudi siku ya tatu atakusikiliza pia, ila folda atakuwa amekwisha ibadilisha jina, na utaitafuta Ramires uikute chini ya "Chelsea mix 4".